Kinachohesabiwa ndicho kinachotengenezwa

Ndugu mwenyekiti, walimu, wazazi, watayarishaji wa vipindi, na nyinyi vijana mliowahi viti vya ukutani karibu na soketi za umeme: asanteni kwa kufika.

Tumeitwa kuzungumzia jinsi burudani ya kidijitali na vyombo vya habari vinavyoifinyanga jamii ya leo. Mada ni pana, na msemaji akipewa mada pana namna hii huishia kuilaani simu au kuisifu. Mimi nitashika uzi mmoja tu, nao ni uzi wa mita. Kila burudani ina mita yake, kama nyumba ilivyo na mita ya maji. Kuna kitu kinachohesabiwa ili mtu alipwe. Ukijua mita inahesabu nini, utaelewa kwa nini nyimbo zimekuwa fupi, kwa nini video zilirefuka halafu zikafupika tena, kwa nini ukurasa wako umejaa watu wenye hasira, na kwa nini mtoto wa miaka saba anakuaga kwa kusema "msisahau kusabskraibu". Usipoijua, utabaki kugombana na mtoto.

Jambo lenyewe lina umri mkubwa kuliko simu. Santuri ya zamani ya inchi 10, ile iliyozunguka mara 78 kwa dakika, ilibeba takriban dakika 3 kila upande. Bendi iliyopiga wimbo wa dakika 8 ukumbini ilipoingia studio ililazimika kuukata, au kuugawa upande wa kwanza na wa pili. Mwaka 1948 ikaja santuri ndefu, dakika 20 na ushee kila upande, na wasanii wakaanza kuwaza albamu nzima badala ya wimbo mmoja mmoja. Hata hivyo wimbo wa redio ukabaki na dakika zake tatu au nne. Chombo kilikufa, umbo lake likaendelea kuishi katika masikio ya watu na katika ratiba za stesheni.

Leo mita ya muziki ni sekunde 30. Kwenye Spotify, jukwaa la kutiririsha muziki, wimbo haujahesabiwa kuwa umesikilizwa mpaka sekunde 30 zipite. Msikilizaji akiuruka kwenye sekunde ya 29, kwa hesabu ya malipo ni kama hakuusikia. Zikishapita, imehesabiwa mara moja, na wimbo ukiendelea dakika nane zaidi hakuna nyongeza. Fedha huingia chungu kimoja na kugawanywa kwa kufuata idadi ya mara hizo. Tangu 2024 kuna sharti jingine: wimbo usiofikisha mara 1,000 ndani ya miezi 12 hauingii kabisa kwenye mgao wa rekodi.

Fanyeni hesabu nyepesi. Msikilizaji ana saa moja. Nyimbo za dakika 5 zitaingia 12. Nyimbo za dakika 2 zitaingia 30. Saa ni ileile na sikio ni lilelile, lakini mita imesoma mara mbili na nusu zaidi. Prodyuza anayeijua hesabu hii hahitaji kuamriwa afute ubeti wa tatu, ataufuta mwenyewe. Kile kipande cha kupumzisha sikio kabla ya kiitikio cha mwisho nacho kinaondoka. Kiitikio kinasogezwa mbele, mara nyingine ndicho kinachofungua wimbo. Utangulizi wa ala, ambao zamani ulimpa mtangazaji nafasi ya kutaja jina la msanii na kumsalimia shangazi yake, unakatwa.

Tahadhari moja hapa, maana watu hupenda kumtafuta mchawi mmoja. Utafiti wa Hubert Léveillé Gauvin uliochapishwa 2017 ulipima nyimbo zilizoingia kumi bora nchini Marekani kati ya 1986 na 2015, ukakuta utangulizi wa ala umeshuka kutoka zaidi ya sekunde 20 hadi kama sekunde 5. Angalieni mwaka wa kuanzia. Mwaka 1986 Spotify haikuwepo. Kwa hiyo anayesema utiririshaji peke yake ndio ulioua utangulizi anasema nusu ya ukweli: ulikuta mteremko umeshaanza, ukausukuma.

Kwenye video mita imebadilishwa mara kadhaa, na kila ilipobadilishwa kazi za watu zilibadilika nayo. YouTube ilipoanza mwaka 2005, na kwa miaka kadhaa baadaye, mibofyo ndiyo iliyotawala mapendekezo. Matokeo yake yakawa picha za jalada zenye mishale myekundu na midomo wazi, na vichwa visivyo na undugu na kilichomo ndani. Mtu anabofya, anagundua kaingizwa mjini, anatoka, lakini mbofyo umeshahesabiwa. Mwaka 2012 wakahamia kwenye muda wa kutazama. Hila ile ikapungua thamani, ukazaliwa ugonjwa wa kuvuta maneno. Jibu la sekunde 40 likaanza kufika dakika ya tisa. Na kwa kuwa matangazo ya katikati yaliruhusiwa kwa video za kuanzia dakika 10, mtandao ukajaa video za dakika 10 na sekunde chache. Julai 2020 kiwango kikashushwa hadi dakika 8. Ukikuta maelezo ya kukaza skrubu moja yana dakika 8 na sekunde 7, usimlaumu fundi kwa kupenda kuongea.

Kisha zikaja video fupi, na mita ikageuka tena. TikTok yenyewe ilieleza mwezi Juni 2020 kwamba mtazamaji kuitazama video tangu mwanzo hadi mwisho ni ishara yenye uzito mkubwa, na kwamba idadi ya wafuasi wa aliyeirusha haiingii moja kwa moja kwenye hesabu ya kupendekeza. Sentensi hiyo ya pili ndiyo iliyowafungulia mlango watu wasiojulikana. Ya kwanza ndiyo iliyowafundisha wote namna moja ya kusimulia.

Tuchukue video moja ya sekunde 38 tuifungue kama fundi anavyofungua injini. Iwe ya kawaida kabisa: mtu anaonyesha jinsi ya kutoa doa la wino kwenye shati.

Sekunde ya 0 hadi ya 2, shati limeshachafuka na wino uko karibu kabisa na kamera. Hakuna salamu. Anayeanza na "hamjambo wapendwa, karibuni tena kwenye chaneli yangu" anawapoteza watu kabla hajalitaja doa, na mchoro wa utazamaji ambao mtayarishaji huonyeshwa baadaye unaporomoka pale pale kama mtu aliyekanyaga ganda la ndizi. Sekunde ya 2 hadi ya 5 inatolewa ahadi: "wengi hukosea hatua ya pili". Sasa huondoki kabla ya hatua ya pili. Katikati, pumzi zote za msemaji zimekatwa, kamera inabadili pembe kila baada ya sekunde mbili au tatu, na maneno yameandikwa kwenye picha kwa sababu watazamaji wengi wako kwenye daladala au kitandani na wamezima sauti. Doa linatoka sekunde ya 33. Lingeweza kutoka ya 20, lakini likitoka mapema watu wanatawanyika. Halafu sekunde ya 38 sentensi inakatika: "ndiyo maana nasema ukimwagikiwa…", na video inajirudia na neno lake la kwanza, "…wino, usikimbilie maji." Mtazamaji ameshaanza duru ya pili kabla hajajua kuwa ya kwanza imekwisha. Mita inasoma zaidi ya asilimia 100.

Shati lile halina uovu wowote. Doa limetoka kweli. Ila mfumo huo wa kusimulia haubaki kwenye mashati. Msomaji wa habari anaukopa, mhubiri anaukopa, mgombea anaandika hotuba ya dakika 40 kwa ajili ya sekunde 20 anazojua zitakatwa. (Hii nayo mtaikata. Nawaombeni mkate kipande cha shati.) Na mwalimu anayeingia darasani na utangulizi wa dakika tano anaongea na watoto ambao vidole vyao vimezoea kupewa sababu ya kubaki ndani ya sekunde mbili. Watoto hao si wavivu. Wamefundishwa kwa bidii sana, kila siku, na mwalimu mwingine asiyechoka.

Wengi tunaamini kwamba kilicho juu kimefika juu kwa sababu ni kizuri. Kuna jaribio lililochapishwa 2006 na Matthew Salganik, Peter Dodds na Duncan Watts ambalo kila mwandaaji wa chati angelibandika ukutani. Waliweka mtandaoni nyimbo 48 za bendi zisizojulikana, wakapata washiriki 14,341. Baadhi waliona majina ya nyimbo tu. Wengine waligawanywa kwenye vyumba vinane vilivyotengana, na kila chumba kilionyesha wimbo gani umepakuliwa mara ngapi na watu wa chumba hicho. Nyimbo zilikuwa zilezile, na vyumba vyote vilianzia sifuri.

Walioona idadi walifuata idadi. Mwanya kati ya wimbo wa juu na wa chini ukawa mkubwa kuliko kwa wale wasioonyeshwa kitu. Lakini la kushangaza ni kwamba kila chumba kilipata mabingwa wake. Wimbo mmoja ulishika nafasi ya 1 kwenye chumba kimoja na ya 40 kwenye kingine. Nyimbo nzuri sana mara chache zilianguka kabisa, na mbovu sana mara chache zilipanda, ila zile za katikati zilikwenda popote upepo ulipovuma saa ya kwanza. Ndiyo maana kuna biashara ya kununua watazamaji bandia siku ya kwanza ya kutoa wimbo, na ndiyo maana kuna watu wanaotafuta kiki kwa ugomvi wa kupanga wiki ya albamu. Hawanunui mashabiki. Wananunua namba ya kuwavuta mashabiki.

Sasa tuingie kwenye hasira, ambapo mita iligusa kitu kikubwa kuliko muziki. Februari 2016 Facebook iliongeza alama nyingine pembeni ya laiki: moyo, kicheko, mshangao, huzuni na hasira. Mwaka 2017 mfumo wa kupanga machapisho uliipa kila mojawapo ya alama hizo uzito wa laiki tano. Hoja ilikuwa kwamba anayechagua alama ameguswa zaidi kuliko anayebonyeza tu. Kwa karatasi inaonekana sawa. Lakini chapisho la kukasirisha likawa na thamani mara tano ya chapisho la kupendwa kimya kimya, na kampuni yenyewe ikaja kuona kwamba machapisho yanayovuna uso wa hasira yalikuwa na uwezekano mkubwa zaidi wa kubeba uongo na matusi. Uzito ukashushwa kidogo kidogo, na Septemba 2020 alama ya hasira ikawekwa sifuri. Nyaraka zilizotoka nje ya kampuni mwaka 2021 zinaonyesha kwamba baada ya hapo watu walikutana na uongo pungufu, na wala hawakupunguza kuutumia mtandao.

Tafakarini hilo kwa dakika moja. Kwa miaka mitatu hivi, namba moja ndani ya fomula, ambayo hakuna mtumiaji aliyeipigia kura wala kuiona, iliongeza joto la mazungumzo ya kisiasa duniani. Wahariri wa kurasa hawakukaa kikao kuamua kuwa wakali. Waliangalia takwimu za asubuhi, wakaona lipi lilisambaa, wakaandika jingine kama lile.

Uongo nao una mguu mwepesi hata bila kusukumwa. Soroush Vosoughi, Deb Roy na Sinan Aral walichambua habari kama 126,000 zilizosambaa Twitter kati ya 2006 na 2017, na matokeo yakatoka kwenye jarida la Science mwaka 2018. Habari ya uongo ilikuwa na uwezekano wa asilimia 70 zaidi wa kusambazwa upya kuliko ya kweli. Ya kweli ilichukua muda mara sita hivi kuwafikia watu 1,500. Watafiti walipoondoa akaunti za roboti kwenye hesabu, picha haikubadilika. Waliokuwa wakibeba ni watu, na sababu iliyoonekana wazi ni upya wa jambo: uongo hushangaza, na kinachoshangaza hubebwa.

Niende upande wa pili, kwa sababu nisipofanya hivyo mtatoka hapa mkidhani burudani ni ugonjwa mtupu.

Mwaka 1956 Donald Horton na Richard Wohl waliandika kuhusu urafiki wa upande mmoja: mtazamaji anamjua mtangazaji kama ndugu, mtangazaji hamjui kabisa. Walikuwa wanazungumzia televisheni na redio. Mtu anayekwenda laivu chumbani kwake na kusoma jina lako kwenye maoni ameongeza nguvu ya kitu kilekile. Urafiki huu hutumika kuuza krimu za ngozi na mikeka ya kubeti, hilo mnalijua. Lakini hutumika pia kubadili maisha, na ushahidi wake ni mzuri kuliko ule wa madhara.

Miaka ya 1970 nchini Mexico, Miguel Sabido alitengeneza tamthilia za televisheni kwa kanuni inayosemeka kwa sentensi moja: weka mhusika mwema, weka mhusika mbaya, kisha weka wa tatu anayeyumba kati yao, na umfanye huyo wa tatu afanane na mtazamaji. Huyo anayeyumba ndiye anayefanya kazi. Kanuni hiyo ilisafiri. Julai 1993 Radio Tanzania ilianza kurusha mchezo wa redio wa Twende na Wakati, kuhusu uzazi wa mpango na UKIMWI, na dereva wa lori aitwaye Mkwaju akawa jina la mtaani kwa wanaume wa tabia yake. Jambo lililoufanya uheshimiwe na watafiti ni kwamba eneo la Dodoma halikurushiwa kwa miaka miwili ya mwanzo, hadi 1995, ili kuwe na mahali pa kulinganisha. Matumizi ya uzazi wa mpango yalipanda zaidi kule mchezo uliposikika.

Brazil hakuna aliyepanga somo lolote. Tamthilia za kituo cha televisheni cha Rede Globo zilikuwa za kuuza matangazo tu. Lakini wahusika wake walikuwa na familia ndogo: katika tamthilia zilizochunguzwa, asilimia 72 ya wahusika wakuu wa kike walio chini ya miaka 50 hawakuwa na mtoto hata mmoja. Eliana La Ferrara, Alberto Chong na Suzanne Duryea walionyesha mwaka 2012 kwamba wanawake wa maeneo yaliyofikiwa na mawimbi ya kituo hicho walizaa watoto wachache kuliko wa maeneo ambayo hayajafikiwa, na wazazi wakawapa watoto majina ya wahusika. Hakuna aliyehubiriwa. Watu waliona sebule, wakaona imekaa vile, wakaizoea.

Sebule ndiyo inayofanya kazi. Mtayarishaji anayeandika tukio la mume kumpiga mke ili kunogesha sehemu ya 14 na kulisahau sehemu ya 15 ameshafundisha kitu. Kinyume chake, ujumbe wa afya uliopachikwa mdomoni mwa daktari mwenye koti jeupe kwa dakika tatu mfululizo haufundishi. Hapo ndipo watu huenda kuchota maji. Miradi mingi ya "filamu za kuelimisha" hufa kwa kosa hilo hilo: fedha zote zimewekwa kwenye mhusika mwema, na yule anayeyumba hakuandikwa.

Kuhusu gemu nitapita haraka. Shirika la Afya Duniani liliingiza ugonjwa wa uraibu wa michezo ya kielektroniki katika orodha yake ya magonjwa iliyoanza kutumika Januari 2022, na vigezo vyake ni vikali: mtu ameshindwa kujizuia, mchezo umezitangulia shughuli nyingine zote, anaendelea ingawa unamharibia, na kwa kawaida hali hiyo imeonekana kwa miezi 12. Mtoto aliyecheza likizo nzima hana ugonjwa, ana likizo. Kinachostahili jicho kali ni masanduku ya bahati, ambayo mchezaji hulipia bila kujua atapata nini. Ubelgiji iliyahesabu kuwa kamari mwaka 2018. Mita yake ni ileile ya mashine za kamari: zawadi inayokuja kwa nasibu hushika mkono kuliko zawadi ya uhakika.

Sheria nazo zimeanza kuigusa mita. Katika Umoja wa Ulaya, majukwaa yenye watumiaji milioni 45 na zaidi huko yanalazimika kumpa mtumiaji angalau chaguo moja la kupangiwa maudhui bila kutumia wasifu wake, na faini inaweza kufika asilimia 6 ya mapato ya dunia nzima. Australia imekwenda njia nyingine: tangu tarehe 10 Desemba 2025 majukwaa makubwa yanatakiwa kuzuia akaunti za walio chini ya miaka 16, na mzigo wa faini uko kwa kampuni, mzazi na mtoto hawaguswi. Kwa maoni yangu njia ya Ulaya inagusa chanzo zaidi, ingawa chaguo lililofichwa ndani ya menyu tatu ni chaguo la karatasini. Nani kati yenu ameshawahi kulifungua?

Sasa kazi ya mikono. Algoridhimu, yaani ile fomula inayokupangia cha kuona, haisomi nia yako, inasoma vitendo: umesimama wapi, umerudia nini, umeandika nini, umemtumia nani. Kwa hiyo makosa matatu hutokea kila siku. La kwanza ni kwenda kwenye maoni na kuandika "huu ni upuuzi mtupu". Umepiga kura ya ndiyo. Maoni ni maoni. La pili ni kumtumia rafiki kiungo ukisema "hebu ona huyu mjinga". Umesambaza. Ikibidi umwonyeshe, piga picha ya skrini, kata jina la akaunti, tuma picha. La tatu ni kumpa mtoto simu yako atulie. Nusu saa ya katuni inaingia kwenye historia yako, na kibaya zaidi, historia yako inaingia kwenye mapendekezo yake. Akaunti ya mtoto itengwe hata kama simu ni moja.

Ukurasa uliokwisha kuharibika husafishwa hivi. Ingia kwenye mipangilio ufute historia ya kutazama na historia ya kutafuta, zote mbili, maana wengi hufuta ya kwanza tu. TikTok na Instagram zina kitufe cha kuanza upya mapendekezo, kimoja tangu 2023 na kingine tangu mwishoni mwa 2024. YouTube, ukiifuta historia na kuizima kabisa, ukurasa wa mwanzo unabaki mtupu na kisanduku cha kutafutia, jambo ambalo baadhi yetu tungelilipia. Kisha pitia orodha ya akaunti unazofuata, kwa sababu usipoipunguza uchafu wote utarudi kwa mlango huo ndani ya wiki. Siku chache za mwanzo ndizo za kupanda: tafuta kwa jina mambo matano au sita unayoyataka, yatazame mpaka mwisho, na kisichotakiwa kipite bila kusimama. Kikirudi, shikilia kidole juu yake uchague "sivutiwi". Zima kujicheza kwa video inayofuata. Mwisho zima arifa zote isipokuwa za mtu aliyekuandikia wewe binafsi. "Fulani amerusha video baada ya muda mrefu" haikuandikiwa wewe.

Video ya kushtua ikikufikia kwenye kundi la familia, usianze na swali la kama ni ya kweli. Anza na lini na wapi. Simamisha pale panapoonekana bango, namba ya gari, jengo au sare, piga picha ya skrini, iweke kwenye utafutaji wa picha, halafu tafuta tokeo la zamani kuliko yote. Mara nyingi utakuta video ni halisi kabisa, ila ni ya miaka minne iliyopita na ya nchi nyingine. Ujanja huo ni rahisi kuliko kutengeneza picha bandia kwa akili mnemba, ndiyo maana bado unatumika. Utafutaji usipoleta kitu, jaribu fremu nyingine mbili, maana fremu yenye maandishi makubwa yaliyobandikwa juu huupoteza mtambo. Na sauti iangalie peke yake: picha ya kweli kuvishwa sauti ya tukio jingine ni kazi ya dakika tano.

Mita zote nilizozitaja ziko mikononi mwa wengine. Moja iko kwenye simu yako, na wengi huisoma vibaya. Mkifungua sehemu ya matumizi ya skrini, jicho hukimbilia jumla ya saa. Saa hazisemi mengi. Saa tatu za kusoma kitabu na saa tatu za kusogeza kidole zinaandikwa sawa. Shukeni chini kidogo. Kuna idadi ya mara simu ilipofunguliwa kwa siku, na kwenye baadhi ya simu kuna orodha ya programu ya kwanza iliyoguswa kila ilipookotwa. Iandikeni idadi hiyo kwenye karatasi leo kabla ya kulala, mhamishe programu inayoongoza kutoka ukurasa wa mbele wa simu, muisome tena baada ya siku saba. Mwenyekiti, maswali yanaweza kuanza na wale wa karibu na soketi.